Gari limekamatwa na polisi kwa madai ya kosa la madini: namna ya kulitoa (uzi maalumu)

Mchanga Mweupe

Wakuu, salaam. Swali hili linarudi kila mara: tipa limeshikwa na mchanga, au canter imeshikwa na viroba vya mawe ya dhahabu, liko uwanjani kituoni, jibu linalotolewa ni "hicho ni kielelezo", na mwenye gari hajui aanzie wapi. Tuweke maelezo yote hapa, ya Tanzania, ili mtu akipatwa apate pa kushika. Wenye ujuzi ongezeni, palipokosewa sahihisheni.

Anza na hili: nani amelishika, na kwa sheria gani? Gari kuegeshwa polisi hakumaanishi kwamba shauri ni la polisi. Huenda Afisa Madini Mkazi ndiye aliyelishika akaomba polisi wamtunzie. Huenda ni NEMC, baraza la taifa la mazingira, kwa sababu mchanga ulipakiwa ndani ya mita 60 za kingo za mto, eneo ambalo Sheria ya Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kibinadamu. Huenda ni TFS, wakala wa misitu, kwa sababu shimo liko ndani ya hifadhi ya msitu, au ni halmashauri inayodai ushuru wake tu. Kila mmoja ana mlango wake. La halmashauri huisha kwa kulipa ushuru na faini ya sheria ndogo. La mazingira linaweza kufifilishwa, yaani mtu anakiri kwa maandishi, analipa, na shauri linafungwa bila kufika mahakamani. Lililofunguliwa jalada la jinai chini ya Sheria ya Madini, Sura ya 123, ndilo lenye safari ndefu, na ndilo nitakalolieleza zaidi.

Kwa hiyo ukifika kituoni, usianze na "naomba gari langu". Uliza namba ya jalada. RB ni taarifa tu iliyoingizwa kitabuni. Ukiambiwa kuna namba ya IR, ujue jalada la uchunguzi limefunguliwa na lina mpelelezi mwenye jina. Andika namba, jina na cheo cha mpelelezi, kosa linalotajwa, na nani wameandikwa kama watuhumiwa. Hapo kwenye watuhumiwa ndipo njia zinapogawanyika. Kama wewe mwenye gari hukuandikwa, na aliyeandikwa ni dereva au mwenye mzigo, wewe ni mtu wa tatu mwenye mali. Nafasi yako ni nzuri zaidi, mradi usije ukaandika maelezo ya kujiingiza kwenye biashara ya mzigo.

Hatua ya pili ni barua. Watu wengi hukaa wiki nzima wakienda na kurudi kwa maneno matupu, na maneno hayaachi alama kwenye jalada. Andika kwa Mkuu wa Upelelezi wa Wilaya (OC CID), nakala kwa OCD (mkuu wa polisi wa wilaya), RCO (mkuu wa upelelezi wa mkoa), Afisa Madini Mkazi na ofisi ya mashtaka ya wilaya au mkoa. Kichwa kiwe hivi:

*YAH: MAOMBI YA KUACHIWA KWA MASHARTI GARI NAMBA T … …, TIPA AINA YA MITSUBISHI FUSO, CHASISI NA. …, INJINI NA. …, LILILOHIFADHIWA KITUO CHA … KWA JALADA NA. …*

Ndani iwe fupi. Wewe ni nani kwa gari hilo. Lilishikwa lini na wapi likiwa na nani. Halikuibwa wala halina mgogoro wa umiliki. Uko tayari likaguliwe, lipigwe picha na kupimwa mzigo. Uko tayari kusaini ahadi ya kulileta popote litakapohitajika, kutoliuza, kutolibadili rangi wala muundo. Na unaleta mdhamini. Ambatisha nakala ya kadi, kitambulisho, bima na leseni ya LATRA. Nenda na nakala ya ziada igongwe mhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Nakala hiyo yenye mhuri ndiyo itakayokuwa kiambatisho cha kiapo chako wakikukatalia au wakinyamaza.

Usieleze kisa kirefu cha mchanga ulitoka wapi. Barua hiyo inaingia kwenye jalada na itasomwa na wakili wa serikali.

Karani wa Jalada

Naongezea kwenye karatasi za siku ya kukamatwa, kwa sababu hapo ndipo mali za watu hupotea.

Kifungu cha 38(3) cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, kinamtaka askari anayechukua kitu atoe stakabadhi ya kukichukua, isainiwe na aliyekuwa nacho pamoja na mashahidi kama wapo. Ndiyo ile tunayoiita hati ya kukamata mali. Angalizo: sheria zote zimetolewa upya kwenye Toleo la Marekebisho la 2023 lililoanza kutumika 1 Julai 2025, na baadhi ya namba za vifungu zimehama. Mkizitumia kwenye nyaraka, linganisheni na toleo jipya.

Hati hiyo ikisomeka "gari moja aina ya Fuso likiwa na mchanga", haikulindi. Dereva afundishwe kabla hajatoka yadi kwamba asisaini mpaka viandikwe hivi: namba ya usajili, chasisi, injini, kilomita zilizosomeka, kiwango cha mafuta kwenye geji, betri ngapi na za aina gani (tipa la volti 24 lina mbili), tairi ngapi na hali yake, tairi la akiba, jeki na spana ya magurudumu, redio, turubai, king'amuzi cha mwendo, funguo ngapi zimekabidhiwa. Mzigo uandikwe kando: aina, kipimo au makadirio, na nani amekadiria. Kama askari ana haraka, dereva aongeze kwa mkono wake chini ya hati kabla ya kusaini, na apige picha ya karatasi.

Halafu kituoni gari linatakiwa liingie kwenye rejesta ya vielelezo na kupewa namba. Mwombe mtunza vielelezo akuonyeshe namba hiyo, wala hamna ubaya kuiomba. Gari lililo uwanjani bila kuingizwa kwenye rejesta ndilo linalokuja kukosa mwenyewe askari wanapohamishwa.

Mbeba Kokoto

Mkuu Karani, swali. Wengine huambiwa hati hiyo ni ya upekuzi wa nyumba tu, na kwamba gari likisimamishwa barabarani haihusiki.

Karani wa Jalada

@Mbeba Kokoto, si kweli. Kifungu hicho kinataja majengo, vyombo vya majini, vyombo vya usafiri, masanduku na mahali popote. Na hata wakikataa kutoa, mwandikie OC CID siku hiyohiyo kwamba gari limechukuliwa saa fulani, na askari fulani, bila hati, na uorodheshe vilivyokuwa ndani. Barua yenye mhuri wa siku ya kukamatwa ina uzito. Ya mwezi mmoja baadaye itaonekana imetungwa.

Nyundo ya Chunya

Mie niguse upande wa madini yenyewe, maana magari mengi yanashikwa kwa karatasi zisizofanana na mzigo, si kwa wizi.

Mchanga, kokoto, mawe na moramu vyote ni madini ujenzi, vinahitaji leseni na vinalipiwa mrabaha wa asilimia 3 na ada ya ukaguzi ya asilimia 1. Leseni ndogo ya uchimbaji, PML, ni ya Mtanzania na ina muda wa miaka 7. Sasa tazameni inavyovurugika. Stakabadhi ni ya tani 3 na gari limebeba 7. Stakabadhi haina namba ya gari. Tarehe ni ya jana na safari ni ya leo, kwa hiyo inaonekana karatasi moja imezungushwa safari nyingi. Leseni ni ya dhahabu na mzigo ni mchanga. Leseni imeisha muda na mwenye shimo hakusema. Kwa mchanga uliolowa msisahau uzito: mita moja ya ujazo inaweza kufika tani 1.6 hadi 2, kwa hiyo anayehesabu kwa ujazo na anayehesabu kwa mizani wanapata namba mbili tofauti na wote wanasema ukweli. Stakabadhi ikiwa kwa tani, omba mzigo upimwe kwa mizani. Ikiwa kwa ujazo, omba bodi lipimwe urefu, upana na kina.

Liko jingine ambalo mawakili wengi hawalijui. Askari au mgambo anapiga alama za GPS kwa simu pale shimoni, analinganisha na pembe za leseni, anasema umechimba nje ya eneo. Pembe za leseni nyingi na karatasi za ramani za nchi yetu zimeandikwa kwa mfumo wa kupimia mahali uitwao Arc 1960. Simu inasoma mfumo mwingine, WGS84. Tofauti ya mifumo hiyo miwili kwa hapa kwetu ni kama mita 300. Leseni ya madini ujenzi ya hekta 5, ikiwa mraba, ina upande wa mita 220 na kitu. Kwa hiyo shimo lililo katikati kabisa ya leseni linaweza kuonekana nje yake lote, na kumbe ni simu haijabadilishiwa mfumo. Ombeni kwa maandishi mpimaji wa ofisi ya madini aende shimoni na taarifa yake itaje mfumo aliotumia. Hii peke yake inaweza kulimaliza jalada.

Kwa dhahabu ni kali zaidi. Mawe, marudio (mabaki ya mawe yaliyokwisha kuchenjuliwa), kaboni (inayonasa dhahabu kwenye uchenjuaji): kuvisafirisha kunataka kibali cha ofisi ya madini, na madini yenyewe yanauzwa kwenye masoko ya madini na vituo vya ununuzi tangu 2019. Kibali lazima kitaje gari, njia, kinakotoka na kinakokwenda. Dereva akipita njia nyingine kwa sababu daraja limekatika, apige simu kwa aliyetoa kibali kabla hajapita, si baada ya kusimamishwa.

Mzigo wa mawe ya dhahabu usikubali ushushwe kabla sampuli haijachukuliwa mbele ya dereva na afisa madini. Mifuko ifungwe lakiri, namba za lakiri ziandikwe kwenye hati, na sampuli ya pili ibaki. Thamani ya madini ndiyo inayopandisha uzito wa shtaka na dhamana. Viroba 60 vya mawe ya daraja la chini vikikadiriwa kama dhahabu nzuri, mnaingia kwenye shauri la ukubwa usio wenu.

Binti Pwani

Kama kadi bado ina jina la aliyeniuzia, na uhamisho haujafanyika TRA, naombaje gari? Mkataba wa mauziano upo.

Mchanga Mweupe

@Binti Pwani, hapo ndipo wengi hukwama. Polisi na mahakama wanaanza na kadi. Zipo njia mbili. Ya kwanza, aliye kwenye kadi aje mwenyewe aombe, au aape kiapo kwamba alikuuzia tarehe fulani, kwa mkataba huu, na hana dai lolote kwenye gari. Ya pili, ufanye uhamisho sasa, lakini hii ifanyike kwa uangalifu: kubadili umiliki wa gari ambalo tayari ni kielelezo kunaweza kuonekana ni kuficha mali. Ukiamua hivyo, mjulishe mpelelezi kwa barua kwanza. Kwa kawaida njia ya kiapo cha muuzaji ni salama zaidi.

Gari la kampuni, leta taarifa ya BRELA inayoonyesha wakurugenzi na azimio la bodi linalomtaja anayesaini maombi. Gari la mkopo, ambalo kadi ina jina la benki au taasisi ya fedha pamoja na lako, leta barua yao. Taasisi nyingi huandika haraka kwa sababu gari likioza uwanjani ni dhamana yao inayooza. Gari la kukodisha, leta mkataba wa kukodisha na ushahidi wa malipo, maana huo ndio unaoonyesha kwamba mzigo haukuwa wako.

Msoma Vifungu

Nachangia upande wa mahakama. Polisi wakikataa, au wasipojibu kwa siku kadhaa, unapeleka maombi madogo ya jinai kwa hati ya wito wa chemba na hati ya kiapo. Wajibu maombi huwa ni Jamhuri, na mkuu wa kituo au OC CID hutajwa kwenye kiapo kama mwenye kulishikilia. Tangu marekebisho ya 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo kiapo cha Kiswahili kinakubalika.

Viapo vinakufa kwa mambo madogo. Sheria ya Makamishna wa Viapo, Sura ya 12, inataka sehemu ya mwisho ya kiapo itaje mahali na tarehe kilipoapwa, na kama kamishna anamfahamu mwapaji mwenyewe au ametambulishwa na nani. Ikiwa hivi, haina shida:

*Kimeapwa hapa GEITA leo tarehe … mwezi … mwaka … na mwapaji ambaye ametambulishwa kwangu na …, ninayemfahamu binafsi.*

Ikikosa mahali, pingamizi la awali linakuja na maombi yanatupwa nje bila gari kujadiliwa hata kwa dakika moja. Aya ya uthibitisho nayo itenganishe unayoyajua mwenyewe na uliyoambiwa, na aliyekuambia atajwe. Ukiandika "dereva hakujua mzigo hauna kibali" bila kiapo cha dereva, hiyo ni habari ya kusikia. Dereva aape chake. Wala msijaze vifungu vya sheria na hoja ndani ya kiapo, kiapo ni cha mambo yaliyotokea.

Hoja zinazobeba maombi: mleta maombi si mtuhumiwa, ushahidi wa gari unaweza kuhifadhiwa kwa picha, taarifa ya mkaguzi wa magari na hati ya kukamata, gari linashuka thamani kila siku, na masharti yanatosha kuhakikisha litapatikana. Pendekezeni masharti wenyewe, msimwachie hakimu ayabuni: ahadi ya maandishi, mdhamini mwenye mali inayolingana na thamani ya gari, kadi halisi ikae mahakamani, TRA iandikiwe kuzuia uhamisho, gari liletwe kila likiitwa. Hakimu akiona masharti yamepangwa vizuri anakuwa na cha kusaini.

Picha nazo zipigwe kwa utaratibu. Pande nne, namba ya usajili, bamba la chasisi, namba ya injini, bodi na mzigo, kilomita. Apige askari mwenye kazi hiyo, awepo mpelelezi na mwenye gari, wote wasaini nyuma. Mkileta picha za simu yenu peke yenu, wakili wa serikali atasema hazitoshi, na atakuwa na haki.

Sasa angalieni shtaka. Kupatikana na madini bila kibali chini ya Sheria ya Madini mara nyingi hufunguliwa kama uhujumu uchumi, kwa kusomwa pamoja na Jedwali la Kwanza la Sura ya 200, yaani sheria ya uhujumu uchumi. Hapo mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi haina mamlaka ya kusikiliza mpaka DPP, yaani Mkurugenzi wa Mashtaka, atoe ridhaa na hati ya kuipa mamlaka. Ukipeleka maombi ya gari kabla ya hizo nyaraka, jitayarishe kwa pingamizi la mamlaka. Njia ni kumwandikia DPP kupitia ofisi ya mashtaka ya mkoa, au kwenda Mahakama Kuu. Soma hati ya mashtaka kabla ya kuandika neno lolote.

Jiwe la Mirerani

Wakuu, msidanganye watu. Kielelezo ni kielelezo. Subirini kesi iishe, mahakama itasema gari liende wapi. Kumpeleka mpelelezi mahakamani ni kumkasirisha tu, na gari litakaa zaidi.

Msoma Vifungu

@Jiwe la Mirerani, naelewa hofu hiyo ila siikubali. Mali inalindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, na kusikilizwa kunalindwa na Ibara ya 13(6)(a). Mwenye gari ambaye si mshtakiwa hapati nafasi ya kusema lolote kwenye kesi ya dereva asipojitokeza mwenyewe. Akikaa nyumbani akingoja, kesi inaweza kwisha kwa amri ya kutaifisha na jina lake halimo popote kwenye mwenendo wa shauri. Kuhusu kumkasirisha mpelelezi: andika kwa heshima, nenda kwa mpangilio, barua kwanza kisha mahakama. Wapelelezi wengi hupata nafuu mahakama ikitoa amri, maana jukumu la kuliachia linawatoka mikononi.

Na hili nalisema kwa msisitizo: siku ya hatari kuliko zote ni siku dereva anaposomewa shtaka. Dereva anayetaka kurudi nyumbani atakubali kosa, atalipiwa faini na mwenye mzigo, na saa hiyohiyo wakili wa serikali ataomba gari litaifishwe kwa sababu lilitumika kutenda kosa. Kifungu cha 351 cha Sura ya 20 kinaruhusu hilo kwa mali iliyokuwa mikononi mwa aliyetiwa hatiani. Mwenye gari awepo siku hiyo na wakili wake, asimame aombe kusikilizwa kabla ya amri. Vivyo hivyo kwenye makubaliano ya kukiri kosa, utaratibu ulioingizwa 2019: someni orodha ya mali zinazotajwa kwenye makubaliano. Dereva anaweza kusaini karatasi inayokabidhi gari lisilo lake.

Fundi Dizeli

Wanasheria wamesema yao, na gari nalo lisemewe. Tipa lililoachwa na mchanga umelowa ndani ya bodi linaoza kwa chini, na uzito wote uko kwenye springi na tairi zilezile. Ndani ya miezi michache tairi zinapasuka kuta, betri zinakufa, breki zinashika ngoma. Kwenye barua yenu ya kwanza ombeni mambo haya kwa maandishi hata kama gari halitatoka: mzigo upimwe na kushushwa, betri zichomolewe na kukabidhiwa mwenye gari kwa hati, turubai lifunike kabini, na mwenye gari aruhusiwe kuliangalia mara moja kwa wiki mbele ya askari. Kuchomoa betri kwa hati kunazuia wizi wake.

Siku ya kulichukua, msilipige stati papo hapo. Kabla ya kusaini kwamba mmepokea, leteni ile orodha ya siku ya kukamatwa mlinganishe kitu kwa kitu. Kilichopungua kiandikwe kwenye hati ya makabidhiano, la sivyo mmekubali mmepokea kila kitu. Halafu chungulieni oili isiwe na rangi ya maziwa, maji ya rejeta, mafuta ya breki. Fungueni koki ya chini ya tanki la dizeli mtoe maji yaliyojikusanya, badilisheni chujio la dizeli, toeni hewa kwenye mfumo. Fungueni koki za matanki ya upepo. Angalieni kama nozeli na pampu ni zilezile. Boliti zenye alama mpya za spana zinasema jambo. Injini ikiwaka, iacheni mpaka upepo ujae kabla ya kujaribu breki, kisha nyanyueni bodi taratibu likiwa tupu muone kama mafuta ya haidroliki yanavuja kwenye jeki.

Mbeba Kokoto

Kuna vituo vinadai hela ya "maegesho" na ya "kuvuta gari". Hiyo ipo kisheria?

Karani wa Jalada

@Mbeba Kokoto, malipo yoyote ya serikali yanatolewa kwa kumbukumbu namba na yanalipwa benki au kwa simu, stakabadhi inatoka kwenye mfumo. Gari la kuvuta la mtu binafsi lidai kwa ankara yenye jina lake na risiti ya EFD. Fedha ya mkononi isiyo na karatasi ni rushwa, na mkiitoa mmejiweka pabaya nyie pia. Namba ya TAKUKURU ni 113, haitozwi. Malalamiko ya uonevu yapelekwe kwa RPC, kamanda wa polisi wa mkoa, kwa barua, na yakigonga mwamba iko Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora.

Binti Pwani

Asanteni sana. Kesi ikifutwa je? Mwenye gari hurudishiwa moja kwa moja?

Msoma Vifungu

@Binti Pwani, hapana, na hapa wengi hulegea wakidhani yamekwisha. Shtaka likiondolewa chini ya kifungu cha 98(a) cha Sura ya 20, au DPP akiwasilisha nia ya kutoendelea chini ya 91, mshtakiwa anaachiwa ila anaweza kushtakiwa tena, na polisi watasema bado wanalihitaji gari. Mwombeni hakimu siku hiyohiyo, kabla hajainuka, atoe amri kuhusu gari. Dereva akiachiwa huru baada ya ushahidi, ombeni amri ndani ya hukumu, kisha chukueni nakala iliyothibitishwa. Kituo hakitatoa gari kwa maneno. Jueni pia kwamba DPP ana siku 30 za kutoa kusudio la kukata rufaa na 45 za kuwasilisha rufaa yenyewe, kwa hiyo wapo wanaongoja muda huo upite. Kama amri imesema gari litoke, haina sababu ya kungoja.

Msilitelekeze. Kielelezo ambacho hakikudaiwa ndani ya miezi 12 baada ya shauri kufika mwisho kinaweza kuuzwa kwa amri ya mahakama, fedha ikaenda serikalini. Hiyo iko kifungu cha 353 cha Sura ya 20 hiyohiyo.

Na kama hakuna kesi kabisa, jalada halina mshtakiwa na gari limekaa miezi, iko njia ya mapitio ya mahakama Mahakama Kuu, kuomba amri ya kumlazimisha ofisa atimize wajibu wake. Kibali cha kufungua kinaombwa ndani ya miezi 6 ya uamuzi unaoulalamikia; ukipewa, una siku 14 kuwasilisha maombi yenyewe. Kudai fidia ni shauri lingine la madai: notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu aunganishwe, na linafunguliwa Mahakama Kuu. Asiyemuunganisha Mwanasheria Mkuu shauri lake linatupwa hata kama ana haki.

Mbeba Kokoto

La mwisho kwangu. Gari likitolewa kwa masharti, linaruhusiwa kurudi kazini kubeba mchanga uleule?

Mchanga Mweupe

@Mbeba Kokoto, soma amri. Kama haikukataza kazi, linafanya kazi, ila kila safari liwe na stakabadhi yake yenye namba ya gari, tarehe na kipimo, na nakala ya leseni ya shimo. Likishikwa mara ya pili kabla ya shauri la kwanza kwisha, wakili wa serikali ataomba masharti yafutwe, na mdhamini wako ndiye atakayeitwa kwanza. Wengine hulihamishia kwenye kazi ya saruji au nafaka mpaka kesi iishe, na kama mkopo unaruhusu, ningefanya hivyo. Likiwa na kazi ya nje ya mkoa, mjulishe mpelelezi kwa barua kabla halijatoka, uombe mhuri wa kupokelewa.

Nitaweka hapa chini mfano kamili wa barua na wa ahadi ya kulileta gari, watu wanakili na kujaza majina yao.